Uso Wake, Sauti ya Mwingine

Waendao kutazama sinema huyakumbuka majina ya wachezaji wakubwa tu. Wale wa pembeni, yaani mwenye duka, askari, kaka mwenye wivu, nyuso zao huzijua lakini majina hawayajui. Mmoja wa hao alikuwa Tiberio Murgia wa Italia, na ajabu yake ni kwamba katika picha iliyompatia sifa hata sauti haikuwa yake.

Murgia alizaliwa mwaka 1929 huko Oristano, katika kisiwa cha Sardinia. Umaskini ulimfikisha Roma, akawa mwosha vyombo katika mkahawa. Hapo ndipo watu wa Mario Monicelli, mtengenezaji wa sinema, walipouona uso wake mkavu usiocheka. Monicelli alimtaka mtu wa kuwa Ferribotte, Msisilia amfungiaye dada yake nyumbani, katika picha ya kuchekesha iitwayo I soliti ignoti ya mwaka 1958, habari za wezi wasioujua wizi.

Lakini Msardinia na Msisilia hawasemi kwa lafudhi moja! Fahamuni kwamba siku zile Waitalia walikuwa na desturi ya kupiga picha kwanza na kutia maneno baadaye. Msemaji aliingia chumbani, akaitazama picha, akasema mbele ya mikrofoni huku akifuata midomo inavyokwenda. Wala hapakuwa na lazima awe yule yule aonekanaye. Basi Murgia akasemewa Kisisilia na mtu mwingine. Hakuwa peke yake. Mzee Carlo Pisacane wa Napoli alitiwa sauti ya mtu wa Bologna, na Claudia Cardinale, aliyecheza kama dada wa Ferribotte, alikuwa mzaliwa wa Tunisia aliyekua akisema Kifaransa, naye pia akasemewa.

Kwa Murgia jambo hili halikuisha siku ile. Mwaka 1959, katika La grande guerra ya Monicelli, alikuwa tena Msisilia, safari hii askari. Alicheza picha zaidi ya 100, na katika nyingi aliitwa kwa ajili ya Usisilia ule ule, hata watazamaji wengi wakaamini kuwa ndiko kwao. Mimi naona alipata riziki kwa kupoteza kabila lake, bei isiyo ndogo. Mwaka 1985 hadithi ya wezi wale ilipoendelezwa, Ferribotte alirudi, na mchezaji alikuwa Murgia yule yule. Alifariki mwaka 2010.