Saa janja ikigoma, usikimbilie kuifuta

Saa ya kuhesabu hatua ikiganda, ikikataa kuonana na simu, au ikionyesha hatua zilezile tangu asubuhi, dawa zake ni mbili. Ya kwanza ni kuizima na kuiwasha. Ya pili ni kuirudisha kama ilivyotoka kiwandani. Mafundi simu wengi hukimbilia ya pili kwa sababu ndiyo waliyoizoea kwenye simu. Wenye saa hizi wa Ihanda, na kwingineko Karagwe na Kyerwa, wasiikubali kabla hawajajaribu ya kwanza. Ya kwanza haifuti kitu. Ya pili haibakishi kitu.

Ndani ya saa kuna kihisi kinachopima mtikisiko wa mkono. Upande unaogusa ngozi kuna taa za kijani. Damu hunyonya mwanga wa kijani, na kila moyo unapopiga, damu mkononi huongezeka kidogo na mwanga unaorudi hupungua. Saa huhesabu mapigo kwa kufuatilia kupungua na kuongezeka huko. Programu inayofanya hesabu hizo haipumziki usiku wala mchana. Hufanyia kazi zake katika memori inayofutika umeme ukikatika, kisha huandika matokeo katika memori ya kudumu. Saa inapoganda, kwa kawaida kilichokwama ni ile kazi inayoendelea, si kumbukumbu zilizokwisha kuandikwa. Ndiyo maana kuizima na kuiwasha huiponya bila kukupotezea hatua za jana.

Kabla ya lolote, ichaji. Betri iliyokaribia kuisha huleta vituko vingi vinavyodhaniwa kuwa ubovu. Kama haipokei chaji, tazama vile vidoti vya chuma vinavyogusana na chaja. Kwa mtu anayeshinda kibanjani, jasho, vumbi na utomvu wa ndizi hujenga utando juu yake. Futa kwa kitambaa laini chenye unyevu, kausha, jaribu tena. Usikwangue kwa kisu.

Skrini ikiwa bado inasikia, ingia kwenye mipangilio ya saa utafute pa kuiwasha upya. Bendi nyingi za Xiaomi zinayo sehemu hiyo. Skrini ikiwa imekufa, kinachotumika ni kitufe. Apple Watch hubonyezwa vitufe vyake viwili kwa pamoja kwa sekunde 10 au zaidi, mpaka nembo ya tufaa itokee. Fitbit kadhaa hazikubali mpaka zichomekwe kwenye chaja kwanza. Isiyo na kitufe iache chaji iishe kabisa, kisha uichaji. Zima pia Bluetooth ya simu na uiwashe, maana ugomvi wa saa na simu mara nyingi hauanzii kwenye saa.

Lakini kuna makosa ambayo huwezi kuyatibu kwa kitufe chochote, kwa kuwa saa ni nzima. Mtu anasukuma baiskeli yenye mikungu ya ndizi kupandisha mlima, anafika juu akiwa hoi, anatazama saa: hatua chache mno. Mikono yake ilishika usukani muda wote, na saa inaujua mwendo wa mkono, haiujui wa mguu. Toroli hufanya vivyo hivyo. Kinyume chake, anayepalilia kahawa kwa jembe anaweza kupewa hatua ambazo hakutembea, na abiria wa bodaboda kwenye barabara ya makorongo naye akapewa zake za bure. Anayetaka hesabu ya haki akiwa anasukuma mzigo, aiingize saa mfukoni mwa suruali.

Kosa jingine ni la kwetu mpakani. Upande wa magharibi wilaya zote mbili, Karagwe na Kyerwa, zinapakana na Rwanda, ambako saa iko nyuma ya Tanzania kwa saa moja nzima. Simu iliyoachiwa ijipangie muda yenyewe, ikinasa mtandao wa ng'ambo ya Mto Kagera, inaweza kurudi nyuma saa moja, na saa ya mkononi inaifuata kwa sababu hupokea muda kutoka kwenye simu. Ifute saa utakavyo, itarudi na muda uleule. Nenda kwenye mipangilio ya simu, zima muda wa kujipanga, chagua mwenyewe wakati wa Afrika Mashariki.

Sasa dawa ya pili. Ni halali katika hali tatu: umeshazima na kuwasha bila mafanikio, unaiuza saa, au unampa mtu mwingine. Kabla ya kuifuta, ifungue programu yake kwenye simu na uiache ivute kumbukumbu zote kutoka kwenye saa. Fitbit, kwa mfano, hutunza mwendo wa dakika kwa dakika kwa siku 7 tu ndani yake. Zilizokwisha kuvutwa ziko salama kwenye akaunti yako, ambazo hazijavutwa zinakwenda na kufuta.

Uzito wa jambo hili unaonekana vizuri karibu na Ziwa Eyasi. Mwaka 2017 watafiti walichapisha habari za usingizi wa Wahadzabe. Watu wazima 33 walivaa mkononi vifaa vya kupima mwendo kwa siku 20, na katika siku zote hizo dakika ambazo wote walikuwa usingizini kwa pamoja zilikuwa 18 tu. Usiku karibu wote alikuwapo mtu aliye macho. Vifaa vya utafiti vya namna hiyo huhifadhi kila kitu ndani yake mpaka vichomekwe kwenye kompyuta. Kimoja kingefutwa kabla ya hapo, mtu mmoja angetoweka kwenye hesabu, na lile neno "wote" lisingeweza kuandikwa.

Ukishafuta, saa inakusahau. Ipe upya urefu wako na uzito wako, kwa kuwa saa isiyotumia setilaiti hukadiria umbali kwa urefu wa hatua, na urefu wa hatua huukisia kutokana na kimo chako. Huenda pia ikarudi kwenye lengo la hatua 10,000 kwa siku. Usiliogope. Idadi hiyo ilipata umaarufu kupitia kipima-hatua kilichouzwa Japani mwaka 1965, na ilikuwa namba ya kuuzia bidhaa kuliko agizo la daktari. Anayepanda na kushuka vilima vya Karagwe na ndoo ya maji kichwani hahitaji kuaibishwa na namba hiyo.

Wanunuzi wa saa zilizotumika, hapa ndipo wengi huliwa fedha. Bendi nyingi za Xiaomi hufungwa kwenye akaunti ya mtu mmoja, na Apple Watch nayo ina kufuli ya akaunti: hata ikifutwa, itadai nywila ya mwenyewe wa awali. Fundi hana ujanja hapo. Iwe umeikuta Kayanga au Bukoba, mwambie muuzaji aitoe kwenye akaunti yake mbele yako kabla hujatoa hela. Asipoweza, irudishe mezani kwake.

Mwisho, zipo saa za bei rahisi zinazodai kupima sukari ya damu kwa mwanga tu. Februari 2024 Mamlaka ya Chakula na Dawa ya Marekani ilionya kuwa haijaidhinisha saa wala pete yoyote inayopima sukari yenyewe bila kutoboa ngozi. Namba ya aina hiyo hainyooki kwa kuzima na kuwasha, wala kwa kufuta. Mwenye kisukari aende Hospitali ya Nyakahanga au kituo cha afya kilicho jirani, atobolewe kidole.