Viazi Vitamu vya Nazi Katika Futari ya Unguja

Kumi la mwisho la Shaabani likiingia, soko la Darajani mjini Unguja hubadilika sura. Mafungu ya muhogo, majimbi, shelisheli, ndizi mkono wa tembo na viazi vitamu huzidi kila asubuhi, na kina mama huanza kuulizia bei ya nazi kabla ya bei ya kitu kingine chochote. Majumbani watu wanavunja jungu, wanakula vizuri na kuagana na milo ya mchana. Soko hilo limesimama pale tangu mwaka 1904, na kila mwaka shughuli yake kubwa ni ile ile: kuiandalia Ramadhani chakula cha jioni.

Futari ya Pwani, toka Lamu hadi Kilwa, ina mpangilio ambao hakuna aliyeuandika na kila mtu anaujua. Adhana ya Magharibi ikilia, mtu hufungua kwa tende na maji, husali, kisha hukaa mkekani. Hapo atakuta uji wa pilipili manga, sambusa, bajia, kalimati, mkate wa kumimina, na samaki wa kukaanga kwa aliyejaaliwa. Pembeni ya vyote hivyo lazima kiwepo chakula kimoja kilichopikwa kwa nazi, na mimi bila kusita naweka viazi vitamu mbele ya muhogo, mbele ya ndizi na mbele ya majimbi. Muhogo hutaka samaki au nyama ndipo upendeze. Ndizi hutaka pilipili na ndimu. Kiazi kitamu hutaka tui, iliki na mpishi asiye na haraka.

Kuna la ziada linalonivutia katika sufuria hii: vyote vilivyomo vilikuja kwa bahari. Kiazi kitamu asili yake ni Amerika, na kilivuka kuja upande huu wa dunia baada ya safari za Wahispania na Wareno za karne ya 15 na 16. Iliki ni mmea wa milima ya kusini mwa India. Mdalasini ni wa Sri Lanka. Hata mnazi, ambao tunauona kama ndugu wa damu, ulifika kwetu zamani kutoka pande za Asia. Watu wa Pwani walivipokea vyote, wakavipandia mashamba, wakavitia katika chungu kimoja. Leo wakulima wa Usambara Mashariki, kule Amani wilayani Muheza, hulima iliki chini ya vivuli vya msitu, na kiazi kimeenea bara nzima hadi Usukumani, ambako hukatwa na kuanikwa juani kuwa michembe ya kuwekwa akiba. Ila kukipika kwa tui na iliki ni utaalamu wa Pwani, na unastahili kuelezwa kwa ukamilifu.

Kilo moja ya viazi huwatosha watu wanne au watano wenye vyakula vingine mkekani. Chagua vyenye nyama kavu, vile ambavyo ukivichemsha hupasuka na kuwa kama unga. Vilivyochimbwa jana si lazima viwe ndivyo vitamu zaidi. Kiazi kikikaa siku kadhaa kivulini baada ya kuchimbwa, utamu wake huongezeka. Menya, kata vipande vinene vya urefu, na kila kipande kiingie ndani ya maji papo hapo, maana utomvu wake ukipigwa na hewa hukigeuza rangi kikawa cheusi, na futari nyeusi haimpendezi mtu.

Nazi ziwe mbili, kavu, zinazolia maji ukizitikisa sikioni. Zikunwe kwa mbuzi, zikamuliwe kwa kifumbu au chujio. Tui la kwanza, zito, lifunikwe na kuwekwa kando. Chicha kirudishiwe maji ya uvuguvugu, kikamuliwe tena, na tui hilo la pili ndilo litakaloivisha viazi. Hapa ndipo wapishi wengi wa siku hizi wanapoharibu: wanamwaga tui lote kwa pamoja, tangu mwanzo, kwa moto mkali. Tui zito likichemka sana hukatika, mafuta yakaelea juu na maji yakabaki chini, na hakuna cha kulirudisha.

Panga viazi kwenye sufuria, mimina tui la pili hadi vifunikwe, tia kijiti cha mdalasini na iliki sita au saba zilizotwangwa papo hapo kinuni. Nasisitiza kutwanga papo hapo. Unga wa iliki uliokaa kabatini tangu Idi iliyopita una jina la iliki tu. Karafuu nashauri iachwe, ingawa Zanzibar ni nchi ya karafuu. Ina nguvu mno kwa chakula hiki na mahali pake ni kwenye pilau. Moto uwe wa wastani. Ndani ya kiazi mna vimeng'enya vinavyogeuza wanga kuwa sukari, na kazi hiyo hufanyika vizuri kiazi kikiwa kwenye nyuzi 60 hadi 75 hivi za joto. Kikipitishwa haraka kwenye moto mkali, utamu huo hukosa nafasi ya kutoka, na mpishi hulazimika kuufidia kwa sukari ya dukani. Bibi zetu hawakuwa na kipimajoto, lakini walikuwa na mafiga na makaa machache, na walijua kwamba kiazi hakitaki kukimbizwa.

Ncha ya kisu ikipenya bila kulazimishwa, ndipo tui la kwanza liingie, pamoja na vijiko viwili vya sukari na chumvi kidogo sana. Sukari ikitangulia, viazi hukawia kulainika. Kuanzia hapo weka mwiko chini. Shika sufuria kwa vitambaa na uitikise kidogo kidogo, maana ukikoroga viazi vitavurugika vikawa uji. Acha bila kifuniko, moto mdogo, mpaka tui lipungue, lishike viazi na kung'aa. Kikiwa tayari, kila kipande husimama peke yake na tui limekivaa.

Wapo wanaopika kwa chumvi tupu, bila sukari, na kutia kitunguu na pilipili mbuzi nzima juu. Sina ugomvi nao. Kwa uji wa pilipili manga na samaki wa kukaanga, viazi vya namna hiyo vinakwenda vizuri sana.

Kinachoutofautisha upishi huu na upishi wa siku nyingine zote za mwaka ni kwamba aliyeko jikoni amefunga. Anaanza kazi baada ya Alasiri, njaa na kiu zikiwa zimemshika, na anapika chakula ambacho hawezi kukimeza. Wanazuoni wengi wameruhusu kuonja kwa ncha ya ulimi na kutema panapokuwa na haja, lakini kina mama wengi niliowaona hawataki kufika huko. Wanapika kwa pua, kwa jicho na kwa mkono. Chumvi inapimwa kiganjani. Iliki inajulikana kwa harufu inayopanda na mvuke. Uzito wa tui unasomwa kwa namna linavyoteleza kwenye upawa. Pakiwa na mtoto ambaye bado hajaanza kufunga, huitwa aonje, na mtoto huyo hujiona mtu mkubwa kwa siku nzima. Nimekula futari za wapishi mashuhuri wenye hoteli, na bado naamini upishi wa juu kabisa katika nchi hii ni wa yule mwanamke anayefikisha sufuria yake mkekani kila jioni kwa mwezi mzima, chumvi imo na utamu umo, bila kuonja.

Halafu sahani zinatoka. Kabla ya watu wa nyumbani kupakuliwa, fungu la jirani huwekwa kando, likafunikwa kwa kawa, mtoto akatumwa mbio kabla ya adhana. Sahani hairudishwi tupu. Leo itarudi na bajia, kesho na kalimati, na mwenye kidogo hurudisha kidogo bila haya. Hapa kiazi kitamu kina kazi ambayo nyama haiwezi kuifanya. Si kila nyumba inaweza kununua nyama ya sambusa kila siku, lakini fungu la viazi na nazi mbili ziko ndani ya uwezo wa wengi, na kwa hiyo nyumba isiyo na kitu nayo hupata cha kumpelekea mwenzake. Kwenye mabaraza wanaume hutandika mkeka nje, kila nyumba ikatoa sinia, na mpita njia aliyekutwa na Magharibi njiani hukaribishwa kama mwenyeji. Haulizwi anatoka wapi.

Mwaka wa mwezi una siku 354 au 355, kwa hiyo Ramadhani huwahi kwa siku kumi na moja hivi kila mwaka na kuzunguka majira yote. Kuna miaka ambayo huangukia baada ya mavuno, viazi vikawa tele na vikavu. Kuna miaka ambayo huangukia katikati ya masika, barabara za shamba zikawa tope na viazi vikawa na maji mengi. Mpishi anayejua hupunguza tui la pili mwaka huo.

Ndugu zetu walioko Maskati, London na Toronto hupika kwa tui la kopo na viazi vya rangi ya machungwa vya madukani, ambavyo ni laini na huvurugika upesi. Kwao dawa ni hiyo hiyo: kioevu kidogo, vipande vikubwa, moto mdogo. Viazi vya rangi hiyo visidharauliwe. Vina kirutubisho ambacho mwili hukigeuza kuwa vitamini A, na kirutubisho hicho kinahitaji mafuta ili kifyonzwe vizuri. Mwaka 2016 Tuzo ya Chakula Duniani ilikwenda kwa Maria Andrade, Robert Mwanga wa Uganda, Jan Low na Howarth Bouis, kwa kazi ya kuongeza virutubisho katika mazao. Watatu wa kwanza walitambuliwa kwa viazi hivi hasa. Ukivipika kwa tui la nazi, mafuta yanayohitajika yamo tayari sufuriani.

Ninachokiogopa ni kingine. Minazi yetu mingi imezeeka, inakatwa kupisha majengo, na nazi imekuwa ghali kiasi kwamba unga wa tui wa pakiti umeingia hata kwenye vijiji vyenye minazi. Mikeka nayo imejaa vya kukaanga vilivyonunuliwa barabarani, mafuta juu ya mafuta, kwenye matumbo yaliyokaa matupu zaidi ya saa 13. Sipingi sambusa, futari isiyo na sambusa ina upungufu. Ila sambusa sita na soda baridi haziwezi kuwa futari ya mtu mzima, wala haziwezi kumfundisha binti au kijana wa kiume jinsi ya kulinda tui lisikatike.

Kwa hiyo, mzazi mwenzangu, Ramadhani inayokuja mwite mwanao jikoni baada ya Alasiri, wa kike na wa kiume sawasawa. Mpe mbuzi akune nazi, mpe kinu atwange iliki, mwonyeshe tui la kwanza na la pili. Kisha yeye mwenyewe aibebe sahani ya jirani.