Kamera na Neno 'Hiari': Filamu za AJEDI-Ka mjini Uvira

Wakati wa vita vya Kongo, watoto wengi wa Kivu ya Kusini walitiwa jeshini kwa nguvu. Wengine walitolewa na wazazi wao wenyewe, 'kwa hiari', kwa imani kwamba wanakilinda kijiji. Jambo hili la pili, ambalo ni gumu zaidi kulizungumza, ndilo lililomkabili Bukeni Waruzi, mwanzilishi wa chama cha AJEDI-Ka cha Uvira, alipotengeneza filamu za video kwa kushirikiana na shirika la WITNESS la New York.

Filamu yao On the Frontlines (2004) ilionyeshwa vijijini ili wanakijiji waijadili. Hapo ndipo penye uzito wa mbinu hii: watu wanaosimuliwa ndio pia watazamaji. Filamu ya kuwashutumu wazazi ingewafunga midomo, na pengine ingemfungia mpiga picha njia ya kurudi.

A Duty to Protect (2005), inayohusu wasichana waliopitia jeshini, ililenga hadhira nyingine kabisa: Mahakama ya Kimataifa ya Jinai. Huko 'hiari' hupimwa kwa sheria. Mkataba wa Roma wa 1998 unahesabu kuwa uhalifu wa kivita kumwandikisha jeshini mtoto wa chini ya miaka 15, awe amelazimishwa au amekwenda mwenyewe. Na mwaka 2012, katika hukumu ya Thomas Lubanga, kiongozi wa wanamgambo wa Ituri, majaji walikataa ridhaa ya mtoto isiwe utetezi.