Mwaliko wa Harusi: Kadi ya Karatasi, Kadi ya Simu na Jirani Asiye na Habari

Uingiapo mwezi wa Shaaban, ofisi za misikiti mingi jijini Dar es Salaam hushughulika na ndoa kuliko jambo jingine lolote. Familia hutaka kumaliza shughuli zao kabla mwezi wa Ramadhani haujaandama, na zisizowahi husogeza akdi hadi Mfungo Mosi. Sisi tunaoshika daftari la ndoa za msikiti huona mengi kabla ya khutba ya nikahi kusomwa. Katika hayo limo moja ambalo halizungumzwi vya kutosha, nalo ni namna wageni wanavyopashwa habari.

Zamani, hasa huku pwani, mwaliko ulikuwa na miguu. Kina mama wawili watatu walitumwa kupita nyumba kwa nyumba. Walipiga hodi, wakaketi, wakaeleza ni mtoto wa nani anayeolewa, anaolewa na nani, na ni siku gani. Ikaja kadi ya karatasi, na leo mwaliko ni picha inayoingia katika simu. Kila njia ina heri yake. Kadi ya simu ni nafuu, humfikia ndugu aliyeko Muscat au London kwa dakika moja, na wakati ukibadilika hurekebishwa siku hiyo hiyo. Kadi ya karatasi nayo husimamishwa juu ya kabati la vyombo, mzee akaitazama kila asubuhi bila kuhitaji bando wala miwani ya mjukuu.

Tatizo huanza pale mwenye shughuli anapodhani kwamba kutuma ni kufikisha. Ujumbe unaopelekwa kwa orodha ya matangazo ya WhatsApp humfikia yule tu aliyeihifadhi namba ya mtumaji katika simu yake. Shangazi aliyebadilisha simu mwezi uliopita haupati, na mtumaji, mwenye majina mia mbili mbele yake, hana habari.

Shaaban iliyopita, mama mmoja mtu mzima anayeishi karibu na msikiti aliamka akaona maturubai yakisimamishwa nyumba inayotazamana na yake. Akamwita mtoto aliyekuwa akipita, akamwuliza kwa sauti ya chini ni nani aliyefariki. Kumbe walikuwa wakioza! Tena bi harusi mwenyewe alikuwa amekulia katika ukumbi wa mama yule, akila na wanawe sinia moja. Kadi ilikuwa imewekwa katika kundi la mtaa, na mama yule anatumia kitochi. Wenye harusi walipotanabahi walikwenda mbio kumtaka radhi, naye akawapokea kwa maneno mazuri. Lakini kwenye walima hakwenda. Alisema magoti yanamuuma.

Yuko atakayesema kwamba Muislamu hapaswi kukasirikia mwaliko, na hoja hiyo ina asili. Abdulrahman bin Auf (r.a.), mmoja wa maswahaba wakubwa, alioa Madina, na Mtume (s.a.w.) alilitambua hilo alipoona juu yake athari ya manukato ya rangi ya njano, akamwuliza kulikoni. Hakumlaumu kwa kutomwalika. Alimwombea baraka na kumhimiza afanye walima, hata kwa mbuzi au kondoo mmoja. Hiyo ni adabu kubwa kwa aliyesahauliwa. Mwenye harusi naye asiifanye kinga, kwani Mtume huyo huyo alihimiza ndoa zitangazwe, na akakitaja chakula cha walima kuwa kiovu pale wanapoitwa matajiri na kuachwa mafukara.

Na hapa ndipo kadi, iwe ya karatasi au ya simu, inapotutia hofu. Katika mji wetu kadi ya mchango hutangulia kadi ya mwaliko, na asiyetoa mara nyingi haoni hiyo ya pili. Siku hizi kadi ya simu huwa na alama ya mraba inayosomwa mlangoni, na isiposomeka mtu hurudishwa mbele za watu. Tunaelewa kwamba ukumbi una viti vyenye idadi. Msikiti hauna idadi hiyo. Nikahi haihitaji kadi, na hakuna dhara kuutangazia mtaa mzima akdi hata kama chakula cha ukumbini kina wenyewe, ingawa sisi tungependa zaidi kuona pilau ya nyumbani ambayo jirani asiye na kitu anakula bila kuulizwa jina.

Jambo jingine linalopoteza wageni ni saa. Vielelezo vingi vya kadi za simu vimetengenezwa ughaibuni, na muda wake huhesabiwa kuanzia usiku wa manane. Mwandishi akijaza 10:00 bila kuongeza neno, wako watakaokuja saa 4 asubuhi na wako watakaokuja saa 10 alasiri. Pia yako maneno "usiku wa Ijumaa". Kwa wazee wetu, na kwa hesabu ya Kiislamu, siku huanza jua likizama, basi usiku wa Ijumaa ni ule unaofuata mchana wa Alhamisi. Kijana asomaye kadi hiyo hiyo atakuja kesho yake, akute masufuria yanasuguliwa. Iandikwe "Alhamisi usiku, kuamkia Ijumaa", na shaka itaondoka. "Baada ya Isha" nayo haitoshi, kwa kuwa misikiti haikimu sala kwa wakati mmoja. Sala itajwe na saa itajwe. Na kwa ndoa za Mfungo Mosi, anayeandika "siku ya tatu ya Idi" ameifunga harusi yake na mwandamo wa mwezi. Aongeze tarehe ya miladia.

Kadi iseme pia wanawake wanaketi wapi, na kama shughuli yao ni siku nyingine. Picha ya bi harusi tungeshauri isiwekwe. Ikishaingia katika simu za watu haina tena mwenyewe, wala stara.

Muda wa kufanya haya upo. Kwa Tanzania Bara, Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inataka taarifa ya kusudio la kuoana itolewe si chini ya siku 21 kabla ya ndoa. Familia inayotuletea taarifa hiyo kwa wakati ina majuma matatu kamili ya kualika, lakini huona tabu kwa nini kadi hutoka zikiwa zimebaki siku nne. Tunashauri wasio na simu za kisasa waandikwe kwanza, kabla ya orodha nyingine yoyote, na walio mlango kwa mlango waambiwe kwa mdomo hata kama wamo katika kundi. Kwa mwenye kitochi, ujumbe mfupi wa kawaida huchukua herufi 160 na unatosha: "Assalaam alaykum. Nikahi ya binti yetu ni Jumamosi tarehe 7, msikitini, baada ya Adhuhuri. Walima ni nyumbani saa 8 mchana. Karibuni."

Sisi hutangaza ndoa kila baada ya sala ya Ijumaa kwa yeyote atakayetuletea karatasi ifikapo Alhamisi. Na kwa waliochapisha kadi zenye Bismillahi au ile aya ya 21 ya Suratur-Rum, ambayo huipamba karibu kila kadi, tunawaomba wasiziache zikafagiliwa pamoja na sahani za karatasi kuelekea jalalani, kama tulivyozikuta zaidi ya mara moja. Liko boksi karibu na mlango wa ofisi ya msikiti. Ziwekwe humo, nasi tutazichoma.