Kumi kwa Kumi na Sita: Hesabu ya Pigo Niliyofundishwa Butali

Dadangu ameolewa Butali, kaunti ya Kakamega, kwenye barabara itokayo Kakamega kwenda Webuye. Ni mji wa miwa. Malori hupita mchana na usiku yakielekea kiwandani, na upepo ukigeuka harufu ya molasi huingia mpaka jikoni. Mwezi uliopita nilikwenda kumjulia hali, nikamchukulia halua na tende.

Jioni ya pili tangu nifike, alinijia barazani ameshika simu ya mwanawe, kijana wa kidato cha tatu. Uso umemkunjamana.

"Kakangu, huyu mwanao kashaingia kwenye kamari. Nimemkuta na masikio yangu anasema kumi kwa kumi na sita. Sasa hiyo si lugha ya kubeti ni nini? Wewe ndiye mjombake, sema naye."

Hofu yake naielewa. Vijana wanaotazama kile kijindege kinachopaa kwenye simu wako Butali kama walivyo Majengo, Kisauni na Malindi. Wapo waliokula karo, wapo waliouza simu za mama zao. Na sisi Waislamu tunajua Suratul Maida, aya ya 90, imeiweka kamari pamoja na ulevi. Basi nikamwita kijana, akaja kichwa chini. "Shikamoo mjomba." "Marahaba. Kaa hapa. Nieleze hiyo kumi kwa kumi na sita."

Alinieleza kwa muda wa saa nzima, na daftari la hesabu mkononi. Nimeona niwaandikie wasomaji yale niliyofundishwa, kwa sababu naamini wazazi wengi tunanyang'anya simu kabla hatujajua tunachokinyang'anya.

Mchezo wenyewe ni Pokémon. Ulianzia Japani mwaka 1996, na wengi wetu tuliuona kwanza kama katuni. Kila mchezaji ana kundi la viumbe, na viumbe hao hupigana kwa zamu. Kijana alikuwa akicheza bure kwenye tovuti iitwayo Pokémon Showdown, ambayo hufunguka hata kwenye simu ya kawaida. Hulipi kuingia, na ukishinda hupewi hata senti. Hilo ndilo swali la kwanza nililomuuliza, na mamake alikuwa amesimama mlangoni akisikiliza.

Sasa tuje kwenye pigo. Mtu asiyeujua mchezo hudhani kiumbe mkubwa humpiga mdogo, basi. Sivyo. Kila pigo lina hesabu yake, ni ile ile kwa kila mtu duniani, na washindani wakubwa wameihifadhi kichwani.

Mfano wa kijana ulikuwa huu. Yeye alikuwa na Charizard, joka la rangi ya chungwa lenye moto mkiani. Mpinzani alikuwa na Venusaur, dude kama chura mkubwa aliyeotwa na ua mgongoni. Charizard ni wa moto na wa kuruka. Venusaur ni wa majani na wa sumu. Wote wako ngazi ya 50, kama inavyotakiwa kwenye mashindano rasmi, ili asiwepo anayeshinda kwa ukubwa wa ngazi tu. Venusaur ana uhai wa pointi 155. Swali ni moja: je, pigo moja la moto litammaliza?

Hatua ya kwanza ni ngazi. Chukua 50, zidisha kwa 2, gawanya kwa 5, kisha ongeza 2. Unapata 22.

Hatua ya pili ni nguvu ya pigo. Pigo la moto liitwalo Flamethrower lina nguvu 90. Mara 22 unapata 1,980.

Hatua ya tatu ni mshambuliaji dhidi ya kinga ya anayepigwa. Charizard ana 129 za kushambulia kwa mapigo ya aina hiyo, Venusaur ana 120 za kujikinga nayo. Zidisha 1,980 kwa 129, gawanya kwa 120. Desimali unazitupa, inabaki 2,128. Hapa kijana alinisimamisha. "Mjomba, angalia. Nguvu zako hazina maana peke yake. Zinagawanywa kwa kinga ya mwenzako. Ukiongeza zako mara mbili, au mwenzako akipunguziwa kinga nusu, ni kitu kimoja."

Hatua ya nne, gawanya kwa 50, tupa desimali, ongeza 2. Jibu ni 44.

Arobaini na nne kwa 155 ni kidogo. Lakini hilo ni pigo kavu, halijatiwa viungo. Sasa ndipo yanapokuja mambo yanayolikuza au kulipunguza.

Kwanza, kiumbe akitumia pigo la asili yake, linazidishwa kwa 1.5. Charizard ni wa moto na pigo ni la moto, kwa hiyo anapata nyongeza hiyo.

Pili, asili ya anayepigwa. Ziko asili 18. Moto huunguza majani, kwa hiyo pigo linazidishwa mara mbili. Moto kwa maji ungekuwa nusu. Kuna mapigo ambayo ni sifuri kabisa: pigo la ardhi halimgusi kiumbe wa kuruka. Na kuna mara nne: Charizard akipigwa kwa jiwe, moto wake unadhurika na kuruka kwake kunadhurika, mbili mara mbili.

Tatu, hali ya hewa. Jua kali likiwaka uwanjani, mapigo ya moto huzidishwa kwa 1.5. Mvua ikinyesha, hupungua nusu.

Nne, kifaa alichobeba kiumbe. Charizard wa kijana alibeba kitu kiitwacho Life Orb, ambacho huzidisha pigo kwa 1.3. Lakini si cha bure. Kila anapopiga, anapoteza sehemu moja ya kumi ya uhai wake mwenyewe.

Tano ndiyo bahati. Kila pigo, kompyuta inachagua namba moja kati ya 85 na 100, na pigo linachukuliwa kwa asilimia hiyo. Ukizihesabu namba hizo, ziko 16, na kila moja ina nafasi sawa na mwenzake. Hapo ndipo ilipotoka ile "kumi na sita" iliyomtia dadangu wasiwasi.

Tukaandika. Bila Life Orb wala jua, kompyuta ikichagua 85, ile 44 inakuwa 37. Mara 1.5 ni 55 na nusu, nusu inatupwa. Mara mbili ni 110. Ikichagua 100, tunabaki na 44, mara 1.5 ni 66, mara mbili ni 132. Kwa hiyo pigo litaangukia baina ya 110 na 132. Venusaur ana 155. Hafi. Hata ukiomba dua usiku kucha, hafi kwa pigo hilo moja.

Tukaweka Life Orb. Sasa chini kabisa ni 143, juu kabisa ni 172. Ile 155 imeingia katikati, na hapo lazima uhesabu namba moja moja. Kompyuta ikichagua 90, ile 44 inashuka mpaka 39, na mwisho wake ni 151. Venusaur anabaki na uhai wa pointi nne. Ikichagua 91, inakuwa 40, mara 1.5 ni 60, mara mbili ni 120, mara 1.3 ni 156. Amekwisha. Kwa hiyo namba kuanzia 91 mpaka 100 zinamaliza kazi, nazo ni kumi. Kumi kwa kumi na sita, yaani asilimia 62.5. (Kuna pia pigo la ghafla la kukuza madhara kwa 1.5, ambalo hutokea kama mara moja katika 24. Hilo tuliliweka kando.)

Nikamtazama dadangu pale mlangoni. Hakusema neno, lakini alikuwa ameacha kukunja uso.

Kijana akageuza ukurasa. "Sasa mjomba, huyu jamaa angekuwa mjanja, angemuongeza Venusaur pointi mbili tu za uhai. Awe na 157." Tukarudia. Ile 156 haitoshi tena. Inabidi kompyuta ichague 94 kwenda juu, na hizo ni saba tu. Kutoka kumi kwa kumi na sita mpaka saba kwa kumi na sita, kwa sababu ya pointi mbili. Nilikuwa sijawahi kuona kitu kidogo namna hiyo kikipindua mambo makubwa namna hiyo.

Na kama kuna jua? Tukaliacha Life Orb, tukaweka jua. Ile 44 inakuwa 66. Kompyuta ichague hata 85, unapata 56, mara 1.5 ni 84, mara mbili ni 168. Amekwisha, namba yoyote itakayotoka. Lakini kuliwasha jua kunagharimu zamu, na katika zamu hiyo Venusaur anaweza kukurushia unga wa usingizi, nao hufanikiwa mara 75 kwa mia.

Hapo nikauelewa mchezo. Sisi watu wa pwani tumelelewa na bao, mashimo 32 na kete 64, na tunamheshimu mzee anayeona mbele mitaji kadhaa kabla hajaitia mkono kete. Bao halina bahati, kete ziko wazi. Huu wa watoto una bahati, lakini mchezaji mzuri huipima kwanza: hapa naitegemea bahati kiasi gani, na nikitaka nisiitegemee, nitalipa nini? Anayecheza bila kuhesabu hupiga tu, akishindwa hulaumu kompyuta.

Nikamuuliza: basi na kubeti je, si bahati vile vile? Nikamwekea mfano. Tuseme mtu anakwambia weka shilingi 100, turushe sarafu, ukishinda nakupa 180. Piga hesabu kama ulivyompigia Venusaur, lakini mara mia moja. Hakuhitaji hata kalamu. "Nimetoa 10,000. Nashinda kama mara 50, narudishiwa 9,000. Nimeliwa 1,000." Akanyamaza kidogo. "Na nikiendelea, naliwa tu."

Ndiyo, unaliwa tu. Utakuwa na siku umeshinda mara tano mfululizo na ukajiona mjanja, lakini hesabu ya mwenye dau iliwekwa kabla hujaingia. Kwenye Pokémon, kijana anaweza kuongeza pointi mbili za uhai na kuigeuza nafasi. Kwenye kamari, hakuna unachoweza kuongeza isipokuwa pesa zako. Na hesabu iliyomwambia kumi kwa kumi na sita ndiyo hiyo hiyo iliyomwambia ataliwa. Hilo nililitaka alitamke mwenyewe, mbele ya mamake.

Sitaki nionekane namtetea kila mtu anayeshika simu. Mwaka 2001 wanazuoni wa Saudi Arabia walitoa fatwa ya kuupiga marufuku Pokémon, na moja ya hoja zao ilikuwa mchezo wa kadi zake kufanana na kamari, na mwaka 2016 fatwa hiyo ikachapishwa tena. Mimi si sheikh, na anayetaka hukumu amuulize sheikh wake. Ninachoweza kusema ni kile nilichokiona: katika simu ile hakukuwa na dau, hakukuwa na M-Pesa, na hakukuwa na mtu anayekula jasho la mwenzake. Siku likiingia dau, maneno yangu haya yafutwe.

Lakini nilikuwa na langu la kumuuliza kijana. Katika hesabu za shule muhula uliopita alipata alama za kusikitisha, na ndiyo sababu mamake alikuwa akimvizia. Nikamwambia, wewe unagawanya, unazidisha, unatafuta nafasi za kushinda bila kikokotoo, kisha mwalimu akikupa swali la mipira myekundu na ya bluu ndani ya mfuko unaacha wazi? Akacheka kwa haya. "Mjomba, ile mipira sijui naitafutia nini."

Jibu hilo limenikaa. Tukafungua kitabu chake pale pale, tukachukua swali la mipira 16 ambayo 10 ni myekundu. Alilitazama, akaniangalia, akasema, "Hii ni Charizard na Life Orb." Akaandika jibu.

Dadangu alimrudishia simu kwa masharti: isiguswe kabla ya swala ya Isha na kazi ya shule, na Ijumaa usiku ni ya familia. Nami nikaongeza langu, kwamba kila wiki anitumie swali moja la kitabu alilolitatua, na pigo moja alilolihesabu.

Kabla sijalala nilimuuliza, je, pigo lile la siku ile lilimuua Venusaur? Akasema hajui. Mamake alimnyang'anya simu kabla hajabonyeza, muda ukamwishia, akahesabiwa ameshindwa. Namba zote 16 alizipanga vizuri, ila mama hakuwa kwenye hesabu.