Weupe Unaomwacha Mtu na Nafsi Yake

Sungi Mlengeya hakusomea uchoraji. Alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1991, akafanya kazi benki, na mwaka 2018 akaiacha ili achore tu. Picha zake za wanawake weusi zimeonyeshwa Kampala na London, na kijana wa Malinyi, katika bonde la Kilombero, anayechora nyuso nyuma ya daftari ana mengi ya kujifunza kwake.

Katika picha zake nyingi, mwanamke yuko peke yake katikati ya weupe mtupu. Hakuna kiti, ukuta wala dirisha. Gauni nalo ni jeupe, limezama katika weupe uleule. Kinachobaki ni uso, shingo, mikono na miguu. Hata hivyo gauni tunaliona! Ngozi inapoishia ghafla begani, jicho la mtazamaji hujaza pindo lisilochorwa.

Katika studio zetu za picha, mtu alisimamishwa mbele ya pazia lenye maporomoko ya maji, kando yake maua ya plastiki. Vitu hivyo vilisema yeye ni nani, au angependa kuwa nani. Mlengeya ameviondoa vyote. Tunabaki na kope zilizoshuka, shingo iliyoinama kidogo, uzito wa mkono uliopumzika, na hapo ndipo tunaanza kujiuliza mtu huyu anawaza nini. Kwangu mimi, huo ndio ujasiri mkubwa wa kazi yake: kutojificha nyuma ya mapambo. Linganisha na mchoraji Edward Saidi Tingatinga, naye aliyejifunza mwenyewe: alifanya kazi kwa rangi za kung'aa za baiskeli juu ya hadibodi, na shule iliyomfuata hupenda kujaza kila pembe kwa madoadoa na maua.

Ila weupe hausamehe. Ngozi ikikosewa, hakuna pa kuficha kosa. Wengi wanaoanza huchukua rangi nyeusi ya kopo, wakaichanganya na nyeupe, na uso ukatoka kama wenye majivu. Badala yake, changanya kahawia iliyokolea na buluu, upate weusi wenye uhai. Kisha tazama paji la uso na mfupa wa shavu: mng'ao wake mara nyingi una ubuluu wa anga, huku kivuli cha chini ya kidevu kikivuta wekundu wa udongo.

Mlengeya hutumia akriliki, rangi inayochanganywa na maji. Katika joto la bonde la Kilombero hukauka upesi mno, hata kabla hujalainisha shavu. Weka kitambaa chenye unyevu chini ya rangi kwenye kibao cha kuchanganyia, na upake tabaka nyembamba nyembamba. Mchana jua liko utosini na macho huwa mashimo meusi, kwa hiyo mkalishe mtu barazani asubuhi, mwanga umpate ubavuni. Mchague unayemfahamu, dada au rafiki, asiyelazimika kutabasamu kwa ajili yako. Akichoka kukaa, kioo kipo: jichore mwenyewe.