KOREGRAFE NI MTU GANI? Habari za Faustin Linyekula, mtoto wa Ubundu



Mwezi uliopita karatasi ilipita katika kilasi chetu cha mwisho. Kila mmoja aandike kazi anayotaka kuifanya kisha Egzamini ya Serikali. Kulikuwa udaktari, sheria, biashara, uinjinia wa madini. Mmoja wetu akaandika: koregrafe. Watu walicheka sana, na mwingine akauliza kama ile ni kazi ama ni ugonjwa. Wadogo wa kilasi cha kwanza nao wakaanza kutuuliza. Njo maana sisi tulio wakubwa wa wanafunzi tumechukua ukurasa huu kueleza. Jibu haliko mbali. Ukifuata mto wetu wa Lualaba toka hapa Kindu kwa njia ya maji, kilomita zaidi ya 300, unafika Ubundu. Pale maporomoko yanazuia mashua, na reli ya kilomita 125 inachukua watu na mizigo mpaka Kisangani. Katika mji ule wa Ubundu, mwaka 1974, alizaliwa Faustin Linyekula, koregrafe ambaye jina lake linajulikana Paris, Lisbon na New York kuliko hapa Kasuku.

Kwanza tueleze neno. Koregrafe ni mtu anayetunga mchezo wa kucheza, kama vile mwandishi anavyotunga kitabu, lakini yeye anaandika kwa miili ya watu. Anaamua nani aingie kwanza, mguu gani upige chini, watu wakae karibu ao mbali, na wakati gani ngoma inyamaze kabisa. Mchezaji anacheza, koregrafe anapanga. Mara nyingi mtu ni mmoja kwa kazi zote mbili. Katika kwaya zetu, yule anayewaambia wenzake wapige hatua mbili kuume na mbili kushoto amekwisha kuanza kazi hiyo, hata kama hakuna mtu anayemwita kwa jina lile.

Katika inchi nyingine kazi hii ni njia ya maisha kama njia nyingine. Kule Marekani kuna teatro ambamo watu wanasema, wanaimba na kucheza katika hadisi moja, na kila teatro ya namna ile inahitaji koregrafe wake. Televizyo vilevile. Bob Fosse, kwa mfano, mwaka 1973 alipata zawadi kubwa tatu kwa mwaka mmoja: ya sinema kwa ajili ya Cabaret, ya teatro kwa ajili ya Pippin, na ya televizyo kwa ajili ya Liza with a Z. Afrika nayo haikukaa nyuma. Keïta Fodéba wa Guinea alianzisha kundi la Ballets Africains, na kule Dakar mwaka 1977 kilifunguliwa chuo cha Mudra Afrique, Germaine Acogny akiwa mkubwa wake.

Na kwetu? Waulizeni wazazi. Wakati inchi iliitwa Zaire, wachezaji walionekana kwenye televizyo ya Serikali siku kwa siku. Iliitwa animation: wafanyakazi na wanafunzi walitolewa kazini na masomoni, wakavaa nguo za namna moja, wakaimba na kucheza sifa za Rais Mobutu. Wazee wengi wanasema hawakuipenda, maana ilikuwa lazima. Lakini mtu anayetazama vizuri anaona kwamba watu mia kucheza kama mtu mmoja si kazi ya bahati. Kulikuwa watu wenye ufundi nyuma yake, na majina yao hatukufundishwa.

Katika mwaka ule ule wa 1974 Serikali iliunda Ballet National ya Zaire. Kundi lile lilikusanya wachezaji toka majimbo mbalimbali, likacheza hadisi ya Lianja, shujaa wa Wamongo. Basi Linyekula na Ballet ile wana umri mmoja, na yeye mwenyewe hakusahau jambo hili, kama tutakavyoona.

Alikomalia Kisangani. Pale Chuo Kikuu alisoma fasihi na teatro, si kucheza. Tunaomba wadogo washike neno hili: alianza na vitabu na mashairi. Lakini miaka ile ya mwanzo wa 1990 vyuo vikuu vya Zaire vilifungwa kwa amri ya Serikali, na kijana mwenye kutaka kusoma alibaki mikono mitupu. Mwaka 1993 akashika njia ya Nairobi. Kule, pamoja na Opiyo Okach wa Kenya na Afrah Tenambergen, waliunda mwaka 1997 kundi la Gàara, kundi la kwanza la Kenya lililocheza namna hii mpya. Hawakuiga Bulaya, wala hawakurudilia tu ngoma za kijiji kama zinavyochezwa mbele ya watalii. Walitafuta njia ya katikati, jambo ambalo ni gumu kuliko linavyosikika. Kisha alizunguka Bulaya, akifundishwa na kufundisha.

Hapa kuna jambo ambalo sisi tulibishana sana wakati wa kutayarisha makala hii. Mtu aliyekwisha kupata njia ya Bulaya, mbona arudi? Mwaka 2001 Linyekula alirudi Congo, vita bado vinaendelea na inchi imekatwa vipande. Kisangani, mji wake, ulikuwa umepigwa makombora kwa siku sita katika mwezi wa sita 2000, wakati jeshi la Rwanda na jeshi la Uganda yalipopigana katikati ya watu wasiokuwa na neno lolote nao. Akafungua kazi yake kwanza Kinshasa, akaiita Studios Kabako. Kabako ni jina la rafiki yake wa ujana aliyekufa kwa ugonjwa wa tauni. Kisha, kuanzia mwaka 2006, akahamisha kazi mpaka Kisangani, mji usio na jumba kubwa la teatro kama la Bulaya, wala umeme wa hakika. Wamoja kati yetu wanasema ni wazimu. Wengine tunaona kwamba alikuwa na sababu: michezo yake yote inauliza swali moja, namna gani mtu asimame kati ya mabomoko, na swali lile huwezi kuliuliza vizuri ukiwa mbali na mabomoko yenyewe.

Tutaje michezo michache, kusudi msifikiri ni kuruka-ruka tu.

Mwaka 2009 alitoa more more more… future. Alimchukua Flamme Kapaya, mpiga gitaa mashuhuri aliyepiga zamani pamoja na Werrason, akachukua ndombolo tunayoijua sote, akaitia makelele na hasira. Maneno yaliandikwa na Antoine Vumilia Muhindo, rafiki yake wa zamani aliyekuwa amefungwa katika gereza la Makala. Kwa hiyo watu waliokuja kutazama muziki wa furaha walisikia sauti ya mfungwa. Katika mwaka ule ule aliitwa Paris katika Comédie-Française, nyumba ya teatro ya zaidi ya miaka mia tatu, kuongoza mchezo wa Racine unaoitwa Bérénice. Wanafunzi wa section littéraire ambao wanalalamika kila siku juu ya Racine, mfikiri: mtoto wa Ubundu aliwaongoza Wafaransa katika Racine wao.

Mwaka 2012 Ballet de Lorraine ya Ufaransa ilimwomba kazi juu ya La Création du monde, mchezo wa mwaka 1923. Zamani zile wazungu wa Paris walionyesha kuumbwa kwa dunia kwa namna walivyowaza Afrika: muziki wa Darius Milhaud, mapambo ya Fernand Léger. Mchezaji mweusi hakukuwamo hata mmoja! Linyekula hakuuchoma mchezo ule. Aliacha uchezwe tena kama zamani, kisha akaweka kando yake maswali yake mwenyewe. Sisi tunapenda njia hii kuliko matusi.

Mwaka 2017 alicheza Banataba ndani ya jumba kubwa la makumbusho la New York, Metropolitan Museum. Katika ghala ya jumba lile alikuta sanamu ya Walengola, watu wa upande wa mama yake, iliyokaa gizani mbali na waliyoichonga. Mchezo ulitoka katika kukutana kule. Sisi wa Maniema tusikie vizuri, kwa sababu sanamu za Walega wa Pangi nazo zimejaa katika majumba ya Bulaya na Amerika. Wazee wa Bwami walikuwa wanazitumia pamoja na wimbo, methali na kucheza, ndivyo walivyofundisha. Sanamu iliyowekwa peke yake katika kioo ni sawa na kitabu kilichofungwa.

Mwisho tutaje Histoire(s) du Théâtre II, iliyoonyeshwa Avignon mwaka 2019. Hapa alirudi kwa ile Ballet National yenye umri wake. Aliwaleta wazee waliocheza katika kundi lile, Wawina Lifeteke, Ndjoku Masula na Ikondongo Mukoko, wakaeleza na kucheza mbele ya watu yale waliyoyaona. Kulikuwa fahari ya kweli katika kazi ile, tena kulikuwa utawala uliotumia fahari ile kwa faida yake. Yote mawili yalisemwa bila kufuta lingine.

Sasa tufike kwa neno ambalo kila mzazi anasema: «Ule mutoto atacheza tu, atakula nini?» Tusidanganye watu. Koregrafe hapokei mushahara kila mwisho wa mwezi kama mwalimu (na mwalimu mwenyewe, mnajua). Kazi yake inaendeshwa namna hii: anaandika mpango wa mchezo, anaupeleka kwa majumba ya teatro, na majumba mawili, matatu ao zaidi yanakubali kutoa franga mbele ya mchezo kutayarishwa. Kwa franga zile analipa wachezaji, wapiga muziki, fundi wa taa, mshonaji wa nguo na tikiti za ndege. Kisha mchezo unauzwa mji kwa mji. Mchezo usiponunuliwa, hakuna kitu. Na majumba yenye kununua karibu yote yako Bulaya, hivi kila safari inategemea viza. Linyekula alipewa zawadi ya Prince Claus ya Uholanzi mwaka 2007, na mwaka 2014 zawadi ya Curry Stone kwa sababu ya kazi ya Studios Kabako katika mji wa Kisangani, hasa komini ya Lubunga ngambo ya mto. Lakini kwa mmoja aliyefika pale, wangapi wanachezea arusi kwa chupa ya limonadi? Hatukuwahesabu, lakini tunawajua, wengine ni kaka zetu.

Wengine wanasema kwamba kucheza si kazi ya mkristo. Jambo hili tumelijadili na baba mchungaji, naye alitukumbusha habari ya Daudi mbele ya sanduku la agano, pia akatukumbusha kwamba si kila mchezo unafaa. Sisi tunaona tofauti iko katika kazi yenyewe. Kuna mchezo unaotaka macho ya mtu tu, kuna mwingine unaotaka akili yake.

Kwa yule mwenzetu aliyeandika neno lile, na kwa wengine wanaoficha mawazo kama yake: section littéraire si kizuizo, Linyekula mwenyewe alitoka kwa vitabu. Kifaransa kinahitajika kwa kuandika mipango, na Kiingereza kidogo. Kinshasa kuna Institut National des Arts, wanafundisha teatro na muziki. Kwanza lazima uwe na diploma ya Serikali mkononi. Nayo Kisangani si mbali sana, mto unakwenda kule wenyewe. Wanaotaka kuuliza zaidi watufikie mapumziko ya saa ine, chini ya mwembe, siyo wakati wa étude.